Arteta alijifunzia wapi ukocha?

Muulizaji, Kisumu: Ndugu zangu, mimi ni kiungo katika ligi ya kaunti na natamani kuwa kocha. Mikel Arteta alikabidhiwa Arsenal Desemba 2019, akiwa na miaka 37, bila kuwahi kuwa kocha mkuu popote. Iliwezekanaje?

Mchangiaji, Kakamega: Ndugu yangu, hakuibuka ghafla. Alisomea ukocha kupitia Chama cha Soka cha Wales angali mchezaji, akastaafu mwaka 2016, kisha akawa msaidizi wa Pep Guardiola katika Manchester City kwa miaka mitatu na ushei, na naamini kwamba huko ndiko alikoijua kazi yenyewe. Kabla ya hapo alikuwa amelelewa Barcelona, akacheza Paris, Rangers, Real Sociedad na Everton, hivyo alikuwa ameona mifumo mingi.

Mchangiaji, Nakuru: Nakubali, ila subira ya klabu ilichangia mno. Alitwaa Kombe la FA Agosti 2020 kwa kuilaza Chelsea 2-1, lakini katika ligi Arsenal ilimaliza ya nane misimu miwili mfululizo, na bado hakufutwa. Inaniuma kuona makocha wetu wazalendo wakitimuliwa baada ya mechi chache tu, kabla wachezaji hawajaushika mfumo.

Muulizaji: Asanteni sana. Hapa kwetu nianzie wapi?

Mchangiaji, Kakamega: Anza na leseni ya D ya CAF (Shirikisho la Soka Afrika), ile ya ngazi ya mwanzo ya ukocha, ungali unacheza, na umwombe kocha wako akuruhusu kuwafundisha vijana wa timu.