BSM ya CX-5 upande wa kushoto inasumbua baada ya bampa kutengenezwa

Dereva_Kibamba

Wakuu habari zenu. Naomba msaada kwa wanaojua umeme wa haya magari. Nina Mazda CX-5 ya 2015 ya dizeli, ina ile BSM inayowasha kitaa kwenye kioo cha pembeni gari nyingine ikija ubavuni pale ambapo kioo hakioni. Ilikuwa inapiga kazi vizuri kabisa. Mwezi uliopita kwenye foleni bajaji ikanigonga nyuma kushoto, bampa ikapasuka kwenye kona, nikapeleka gereji wakaitengeneza na kupiga rangi, ukiiangalia huwezi kujua kama iliguswa. Tatizo limeanza hapo. Kulia iko sawa, ila kushoto kitaa kinachelewa, lori linakuwa limeshafika usawa wa mlango wa nyuma ndo kinawaka, na saa nyingine niko peke yangu barabarani kinawaka tu na kubaki hivyo hivyo. Mvua ikinyesha ndo kabisa, dashibodi inaleta ujumbe wa Kijapani na mfumo wote unajizima pande zote mbili.

Fundi anasema senso imekufa ninunue nyingine. Nimeulizia ya mtumba kwenye maduka ya vipuri ya Gerezani hapa Dar, hela waliyotaja si ya kutoa kwa kubahatisha. Kila siku napita ile njia nane ya Kimara mpaka Kibaha na wife naye anaendesha hii hii akiwa na watoto, kwa hiyo nataka ifanye kazi sawasawa au niizime moja kwa moja. Nianzie wapi?

Mdau_Tabata

Chomoa terminali ya betri kama dakika kumi hivi halafu rudisha, uwashe gari uzunguke nayo kidogo. Yangu ilikubali hivyo.

FundiWaya_Dom

Mkuu, betri hapo haisaidii, ujumbe utafutika na tatizo litabaki pale pale.

Na usinunue senso kwanza. Senso ikifa kweli inakaa kimya na gari inaandika kodi (ile namba ya hitilafu inayosomwa kwa mashine), ingekuwa imekufa dashibodi ingelalamika muda wote hata jua likiwaka. Yako inaona ila inaona vibaya. Hayo magari yana rada mbili ndogo, moja kila kona ya nyuma, zimefungwa kwenye bodi ndani ya bampa, zinatoa mawimbi ya 24 GHz yanayopenya plastiki ya bampa, yanagonga gari ya nyuma yako na kurudi. Plastiki yenyewe na rangi ya kiwandani hazina neno. Neno ni kile kinachoongezwa juu yake.

Vua bampa ugeuze uangalie kwa ndani kona ya kushoto. Mafundi wengi wakikuta bampa imepasuka wanaishona kwa waya, au wanazamisha pini za chuma kwa moto, wengine wanabandika na wavu mwembamba wa chuma, halafu kwa nje inapigwa puti nene (ule udongo wa kujazia), msasa, rangi. Inatoka nzuri kweli, nawaheshimu kwa hilo, ila chuma mbele ya rada kinatawanya mawimbi yanaenda yasikotakiwa, inashika kingo za barabara au gari ya leni ya mbali, ndo unaona kitaa kinawaka na huna mtu. Puti nene na rangi ya metaliki iliyopigwa tabaka juu ya tabaka nayo inakula nguvu ya mawimbi, kwa hiyo gari ya mbali haionekani mpaka isogee karibu. Dalili zako zote mbili zimo humo.

Ukiwa hapo hapo angalia kibati kinachoshika senso. Bajaji ikipiga kona kinapinda kidogo tu na huwezi kukiona kama huna cha kulinganisha, chukua rula upime ukilinganisha na upande wa kulia. Nyuzi 5 tu zikigeuka, umbali wa mita 20 huko nyuma ni karibu mita 1.7, yaani nusu ya leni nzima. Rada inakuwa inaangalia majani.

Boss_Ruiru

Naongezea hapo kwa mvua. Mvua kubwa sana yenyewe inaweza kuzima huo mfumo kwa muda, hiyo ni kawaida, ikikatika unarudi. Lakini kama hata manyunyu yanauzima na unakaa sana kabla ya kurudi, hiyo ni plagi ya senso. Mimi niko Nairobi lakini gari ilikaa Mombasa miaka kadhaa, chumvi ya kule ikamaliza pini za plagi zikawa na ule ukungu wa kijani, nikasafisha na dawa ya kontakti nikakausha vizuri, imenyamaza mpaka leo. Hizo senso mbili zinaongea na gari kwa waya za pamoja, ndiyo maana moja ikiingia maji zote mbili zinazimwa.

Na usiamini ile mashine ndogo ya bei rahisi ikikuambia hakuna kodi. Nyingi zinasoma injini tu, yaani zinazoanza na P. Hii yako itakuwa C, B au U, na U maana yake mawasiliano yamekatika, inakuelekeza kwa waya moja kwa moja. Kwa Mazda kuna programu inaitwa FORScan inasoma mpaka moduli hizo, tafuta adapta nzuri inayokubaliana nayo, au mwenye mashine ya Launch akusomee.

Dereva_Kibamba

Wakuu nimerudi. Leo nimesimamia mwenyewe bampa ikivuliwa. Kwa ndani kuna pini za chuma zimejipanga mstari, kama mshono wa hospitali, zinapita katikati kabisa ya pale senso inapoangalia, na puti kwa nje ukigonga na kidole inalia nzito tofauti na upande wa pili. Kibati kimeingia ndani kwa chini. Plagi ya senso ile lastiki ya kuzuia maji haipo, sijui ilitokea wapi, na ndani kuna unyevu. Mashine imetoa kodi ya U, ya senso ya kushoto.

Swali: nikinyoosha kibati na kusafisha plagi, bampa naweza kuichomoa zile pini nikairudisha?

FundiWaya_Dom

Pini zitoke zote, ila puti itabaki, na ukiipunguza kwa msasa ule ufa unafunguka tena. Ushauri wangu tafuta bampa ya mtumba ambayo kona zake ni nzima hata kama rangi ni tofauti. Mwambie fundi rangi akwangue ya zamani mpaka chini ndo apige mpya, tabaka jembamba, pale konani asiweke puti hata tone. Stika nazo usibandike hapo, hata ile ya plastiki angavu ya kuzuia mikwaruzo.

Kibati usikinyooshe kwa nyundo senso ikiwa imefungwa. Ifungue kwanza, rada haipendi kugongwa. Lastiki ya plagi tafuta nyingine, usizibe kwa silikoni maana maji yakishaingia hayatoki tena. Ukimaliza futa kodi, nenda njia nane asubuhi gari zikiwa chache, acha magari yakupite kulia na kushoto kwa mwendo ule ule na anayekaa pembeni aangalie vitaa. Kama kushoto bado kunachelewa kuliko kulia hapo ndo upeleke kwenye mashine ya kupanga rada, na hapo ndo uanze kufikiria senso. Ukiinunua ya mtumba hakikisha namba ya nyuma inafanana, na uliza kama inahitaji kutambulishwa kwenye gari.

Mama_Junior_Moro

Jamani na mimi naomba kuuliza hapo hapo, gari yangu haina hiyo BSM na kuna duka wananiambia wanafunga za nje, zile vidude vinne vya duara kwenye bampa. Zinasaidia?

FundiWaya_Dom

Dada, vile vya duara ni vya sauti, vinafaa kwa kupaki. Vinaona kama mita 2 hivi, kwenye hailwei gari inayokuja kasi inakuwa imeshakufikia. Zipo za nje zenye rada, uliza neno hilo, na wakuoneshe kifaa chenyewe kabla hawajatoboa bampa. Ila hata ukifunga nzuri, bodaboda ni ndogo kwa rada na vitabu vya magari haya vinasema wazi inaweza isionekane, kwa hiyo kabla ya kuhama leni geuza shingo uangalie begani, hasa kushoto wanakopenya.

Dereva_Kibamba

Bampa nimeipata Ilala, ya bluu, kona zote nzima. Jumamosi inaingia rangi.