Nimetoka kwenye kundi la wasichana, nataka kuimba peke yangu ila jina limeshikiliwa. Naombeni ushauri

Sauti_ya_Pili
Wakuu salaam. Someni mpaka mwisho kabla hamjanirarua.

Nilikuwa mmoja wa mabinti watatu kwenye kundi lililovuma kiasi chake. Hatukutikisa dunia, ila nyimbo mbili tatu bado zinapigwa redioni. Nilikuwa naimba sauti ya pili, na mashairi mengi niliandika mimi. Kundi limesambaratika: mmoja kaolewa na kuhamia mbali, mwingine hawaongei na meneja.

Sasa nataka kurudi studio peke yangu. Meneja anadai jina la kundi ni lake na nisilitaje hata kwenye bango, na kwamba nyimbo zote ni mali ya lebo. Hapohapo kaniletea karatasi ya "kuachana kwa amani" nisaini, nipewe hela ya mkupuo. Nyumbani wananiambia pokea hiyo hela utafute kazi ya maana.

Nisaini? Nikianza upya bila lile jina, nani atanijua? Na mtu aliyezoea sauti ya pili anaweza kweli kusimama mbele?

Mzee_wa_Kaseti
Usisaini, binti yangu. Ngoja nikupe kisa cha Florence Ballard.

Huyu ni mwasisi wa The Supremes, wale mabinti wa Detroit waliokuwa lebo ya Motown. Diana Ross akawekwa mbele, Florence akasogezwa nyuma, na mwaka 1967 akatolewa, nafasi yake ikachukuliwa na Cindy Birdsong. Karatasi za kuachana zilimzuia kujinadi kama Supreme wa zamani. Mwaka 1968 akatoa singo kupitia ABC Records, hazikwenda popote, na albamu aliyorekodi ikafungiwa kabatini. Fikiria: sauti ambayo dunia nzima imeisikia inaingia sokoni kama ya mgeni! Alifariki 1976 akiwa na miaka 32, baada ya kupitia ufukara mkubwa.

Hela ya mkupuo huisha. Kifungu ulichosaini hakiishi.

Kijiti_Kikavu
Na wewe si uolewe tu kama mwenzio, mambo yaishe?

Mama_Kwaya
Kijiti, kama huna la kusema pita kimya. Mwenzio kaleta jambo la kazi.

Wakili_Mstaafu
Mleta uzi, umechanganya mambo matatu, na nahisi meneja anapenda uendelee kuyachanganya.

La kwanza ni rekodi zenyewe, yaani sauti iliyorekodiwa studio. Hizo kwa kawaida humilikiwa na aliyegharamia, mara nyingi lebo. Hapo meneja huenda anasema kweli.

La pili ni utunzi: mashairi na melodi. Hii ni haki nyingine kabisa. Kama uliandika na hukuwahi kuihamisha kwa maandishi, basi bado ni yako, na kila wimbo unapopigwa redioni kuna mirabaha ya mtunzi inayotakiwa kukufikia. Je, umesajiliwa kwenye chama cha hakimiliki? Nyimbo ziliandikishwa kwa jina la nani? Nimeona mikataba ambayo meneja kajiandika mtunzi mwenza na hajawahi kushika hata kalamu. Anza na hili, maana ndilo lenye pesa ya miaka mingi.

La tatu ni jina. Kachunguze kama limesajiliwa kama alama ya biashara, na kwa jina la nani. Maneno ya meneja si usajili. Waliowahi kuteseka na jina ni Sugababes wa Uingereza. Kundi lilianzishwa 1998 na Siobhán Donaghy, Mutya Buena na Keisha Buchanan. Wa kwanza akaondoka 2001, wa pili 2005, na 2009 Keisha naye akatoka. Jina likaendelea kutumiwa na wasichana watatu ambao hata mmoja wao si mwasisi! Wenyewe waliporudi pamoja 2012 ilibidi wajiite Mutya Keisha Siobhan. Jina lao walilipata tena 2019.

Lakini sikiliza vizuri: kupanda jukwaani *kwa* jina la kundi ni jambo moja, kusema ukweli kwamba *uliwahi kuwa* kwenye kundi ni jingine. La pili kwa kawaida ni vigumu kukukataza, isipokuwa ukubali mwenyewe kwa saini. Nadhani ndiyo sababu hiyo karatasi imeletwa na bahasha.

Mdau_wa_Chati
Kuhusu kusimama mbele, muulizie LeToya Luckett. Alitolewa Destiny's Child, kundi la kina Beyoncé, mwaka 2000 pamoja na LaTavia Roberson, watu wakaona video ya "Say My Name" ina sura mpya. Mwaka 2006 akatoa albamu yake, ikaingia namba moja kwenye Billboard 200, chati ya albamu ya Marekani.

Mama_Kwaya
Mdau, mpe hesabu kamili. Katikati hapo ni miaka sita, na LaTavia hakufika huko kwenye chati. Wanaofanikiwa tunawakumbuka, wengine hatuwataji.

Mimi nafundisha uimbaji, kwa hiyo nitasema la sauti. Sauti ya pili hufunzwa kujificha: unafuata pumzi ya mwenzio, unalainisha herufi zako zisitokeze. Ukisimama peke yako tabia hiyo inakufanya usikike kama umesimama mlango wa nyuma. Chukua zile nyimbo ulizoandika, zishushe au zipandishe mpaka zikae kwenye koo lako, usiimbe kwa kimo cha yule aliyekuwa mbele. Halafu fanya shoo ndogondogo kabla ya studio.

Na usikimbilie kushindana na wenzio kwenye mtindo uleule. Michelle Williams wa Destiny's Child albamu yake ya kwanza, 2002, ilikuwa ya injili. Mwaka huohuo Kelly Rowland akapaa na "Dilemma" akiwa na rapa Nelly. Kila mtu alishika njia yake.

Sauti_ya_Pili
Asanteni sana, Mzee shikamoo. Nimeutoa mkataba wa zamani kabatini. Kuna kifungu kinasema mwanachama akiondoka, lebo ina haki ya kwanza juu ya kazi zake binafsi kwa mwaka mmoja. Kwenye utunzi sijaona mahali niliposaini kuhamisha chochote.

Wakili_Mstaafu
Hicho kifungu ni cha kawaida kwenye mikataba ya makundi, usiogope. Swali ni mwaka unahesabiwa kuanzia lini. Mlipewa barua ya kuvunja kundi?

Sauti_ya_Pili
Hapana. Meneja alitupigia simu tu.

Wakili_Mstaafu
Basi iandike wewe, leo. Taja tarehe uliyojulishwa, uliza kama lebo inataka kutumia haki yake, waambie wakujibu kwa maandishi. Ipeleke kwa njia utakayoweza kuithibitisha, nakala ubaki nayo. Na ile karatasi ya meneja mtafutie wakili wa hakimiliki aisome kabla hujarudi ofisini kwake.

Kijiti_Kikavu
Haya, dada, nimekosea. Wimbo ukitoka weka hapa tuusikilize.