Tupeane uzoefu: kazi ya malipo kiduchu uliyowahi kufanya

Wakuu habari zenu, jana nimesoma habari za Barbara Ehrenreich, mwandishi wa Marekani, mama alikuwa na PhD ya biolojia kabisa, ila mwaka 1998 akaenda kuomba vibarua kama mtu yeyote aone kama hiyo mishahara inamfikisha mtu mwisho wa mwezi. Akawa mhudumu wa mgahawa Florida kwa dola 2.43 kwa saa, zingine utegemee bakshishi, akasafisha nyumba za watu Maine, akapanga nguo dukani Minnesota. Kwenye usafi kampuni ilimtoza mteja dola 25 kwa saa kwa kila msafishaji, yeye anapewa 6.65!

Kilichonimaliza ni wenzake waliokuwa wanalala moteli na kulipa siku kwa siku. Ukijumlisha inazidi kodi ya chumba, ila chumba kinataka hela ya mkupuo na amana juu, hawana, basi wanaendelea kulipa zaidi kwa sababu hawana kitu.

Naanza mimi. Nililinda usiku, yunifomu nikakatwa kwenye mshahara miezi mitatu, viatu vikubwa mpaka najaza magazeti kwa mbele. Siku naacha wakaniambia rudisha yunifomu, mali ya kampuni. Nikarudisha, na magazeti yangu humo humo.

*Mama Usafi:* Pole kaka. Mimi bosi wangu alikuwa anaficha sarafu chini ya zulia anipime kama mwizi. Kila siku nikifagia naziokota nazipanga mezani, hasemi kitu, kesho zipo tena chini. Siku moja nikachoka nikaongezea na ya kwangu moja, nikakaa kusubiri aulize imetoka wapi. Kimya. Ila mchezo uliishia hapo, na sarafu yangu ikaenda lol

*Mbishi:* Huyo mwandishi alikuwa anaigiza tu, ana akiba benki, gari analo, akichoka anarudi kwake. Sisi tunarudi wapi

*Mleta mada:* Mkuu hilo mwenyewe alikiri, alisema yeye ni mgeni tu, na bado na afya yake na gari lake hesabu zilimkataa. Sasa mwenye watoto je?

*Mpakiaji:* Mnasahau dakika. Kwetu zamu inaanza saa moja ila kabla ya kugonga kadi kuna foleni ya kukaguliwa, kutoka tena foleni, unavuliwa mpaka soksi, hiyo yote hailipwi. Ukichelewa dakika tano lakini unakatwa nusu saa, yaani saa yao ina akili. Na supavaiza anayekukatia jana tu alikuwa anapakia na wewe, ndo anakuwa mkali kuliko mwenye kiwanda, sijui wanalishwa nini. Haya niko getini, simu tunaacha kwa mlinzi, nikitoka nitawasoma.