Shemeji anataka tuvunje betri chakavu 38 nyuma ya nyumba tupate risasi (yale madini mazito) ya kutengeneza chubwi (vizito vya nyavu), na mtoto ameanza kuumwa tumbo. Naombeni ushauri

Fundi Sola Tanga

Wakubwa shikamooni, wenzangu habari za leo.

Mimi ni fundi wa sola na betri hapa Tanga, mwaka wa tisa sasa. Mteja akija kununua betri mpya naipokea ile mbovu na kumpunguzia bei, kwa hiyo banda langu la nyuma halikosi mzigo. Leo asubuhi nimehesabu, ziko 38. Nyingi ni N70 na N100 za magari, sita ni zile kubwa za sola, na mbili tatu zimevimba ubavuni.

Mnunuzi wa skrepa anayepita huku anazitaka kavu, yaani nimwage maji ya betri kwanza ndipo aweke kwenye mzani. Zikiwa na maji anakata bei mpaka inauma. Mwaka jana mzigo mmoja niliumwaga nyuma ya banda, karibu na mgomba, nikijua ni asidi tu na masika yakija yataiosha. Mgomba ule ulikauka, na pale chini mpaka leo hazioti hata nyasi.

Sasa shemeji yangu, kaka wa mke wangu, ni mvuvi na tunakaa naye uani. Anasema tusiuze kabisa, tuyeyushe wenyewe tutengeneze chubwi za nyavu, maana pale diko, wavuvi wanakoshushia samaki, zinanunuliwa kila siku. Mwezi uliopita nikiwa safarini Handeni alijaribu na betri mbili. Alizipasua kwa shoka, akazigonga pleti, yale mabamba ya ndani, juu ya gunia, akayeyusha kwenye sufuria kuukuu juu ya jiko la mkaa, kisha akamimina kwenye mchanga mbichi alioutoboa kwa kidole. Chubwi zilitoka nzuri, zinang'aa kama sarafu mpya. Watoto wote wa uani walikuwa wamemzunguka.

Kinachoninyima usingizi ni mwanangu wa mwisho, wa miaka mitatu. Hii ni wiki ya tatu analalamika tumbo, choo kigumu, chakula anasukuma sahani, na amekuwa wa kulialia wakati hakuwa hivyo. Dawa ya minyoo tumempa, hali ni ile ile. Vinahusiana, au ni hofu yangu tu? Na hizi betri nizifanyeje ili nisivunje sheria wala kumuumiza mtu? Shemeji ni mtu wa nyumbani, sitaki ugomvi, lakini nataka niwe na la kumwambia.

Mtoto wa Pwani

Mkuu usijitie hofu. Huku kwetu wazee wameyeyusha risasi miaka nenda rudi na wamekufa kwa uzee. Mtoto kuumwa tumbo ni jambo la kawaida. Hizo chubwi ni hela, muunge mkono shemeji yako, ila afanyie mbali kidogo na nyumba.

Nesi wa Kliniki ya Watoto

Fundi, betri zitasubiri. Mtoto hasubiri. Mpeleke hospitali, na ukifika usiseme "anaumwa tumbo" ukanyamaza. Sema waziwazi kwamba betri zilipasuliwa na risasi iliyeyushwa nyumbani mbele yake, halafu uombe apimwe kiwango cha risasi kwenye damu. Daktari asipoambiwa hilo, atatibu minyoo, choo kigumu na upungufu wa damu kimoja baada ya kingine, na mtoto ataendelea kurudi kwenye ua ule ule. Kipimo hiki hakiko kila mahali. Anzia hospitali ya rufaa ya mkoa, wao ndio watakaokuelekeza sampuli inapopelekwa.

Dalili ulizozitaja zinaendana na sumu ya risasi. Zinaendana na mengine pia, ndiyo maana nasema apimwe.

Ndugu wa Pwani, nakuheshimu, lakini mzee aliyeyeyusha si sawa na mtoto aliyekuwa anatambaa pembeni. Utumbo wa mtoto mdogo hufyonza risasi mara nne hadi tano zaidi ya utumbo wa mtu mzima. Na haimuui papo hapo, inamla akili: kujifunza, kutulia, kukumbuka. Mwaka 2020 UNICEF na shirika la Pure Earth walitoa ripoti kwamba mtoto 1 kati ya 3 duniani, hadi milioni 800, ana risasi kwenye damu ya mikrogramu 5 au zaidi kwa desilita. Betri zinazovunjwa ovyo zilitajwa kuwa chanzo kimojawapo kikubwa. Shirika la Afya Duniani linasema hakuna kiwango kinachojulikana kuwa salama. Kuanzia hiyo 5 wanataka chanzo kitafutwe na kiondolewe. Kwa mtoto, ikifika 45 ndipo dawa za kuitoa mwilini zinapopendekezwa. Chini ya hapo tiba kubwa ni kumtoa kwenye sumu na kumlisha vizuri, maana mwili wenye upungufu wa madini ya chuma na kalsiamu huikaribisha risasi. Dagaa, maziwa, mboga za majani, na asikae na njaa muda mrefu.

Nina swali moja. Hapo uani kuna mama mjamzito?

Fundi Sola Tanga

Yupo. Mke wa shemeji, mwezi wa sita.

Nesi wa Kliniki ya Watoto

Basi na yeye apimwe, usichelewe. Risasi hupita kwenye kondo la nyuma na kumfikia mtoto tumboni. Na ile iliyolala kwenye mifupa ya mama miaka mingi hurudi kwenye damu wakati wa ujauzito.

Mzee wa Betri

Nimefanya kazi hii tangu enzi za betri za kifuniko cha lami, tulikuwa tunazifungua kwa kisu cha moto na kubadilisha pleti. Nakuandikia kama mdogo wangu.

Shemeji anaona kazi ni rahisi kwa sababu risasi huyeyuka kwenye nyuzi 327 tu, jiko la mkaa linatosha. Lakini aliyoipata kwenye sufuria ni ile ya fremu za pleti, viunganishi na vichwa. Lile tope la kijivu na kahawia lililojaza matundu ya pleti nalo ni risasi, iliyoungana na oksijeni na asidi, na haliyeyuki kwa jiko. Linahitaji tanuru la nyuzi zaidi ya 1,000 lenye mitambo ya kunasa moshi na vumbi. Kwa hiyo muulize: lile tope alilipeleka wapi? Na yale majivu aliyoyaengua juu ya sufuria? Kwa vyovyote yako uani kwako. Yakikauka yanakuwa vumbi, watoto wanalishika, wanalamba vidole. Amepata chubwi chache, na sehemu kubwa ya risasi ya zile betri mbili ameiacha mlangoni.

Pale ulipomwaga maji ya betri, jua kwamba chokaa au magadi vinaua ukali wa asidi, lakini risasi haviiondoi. Inabaki palepale, haiozi. Funika pale kwa turubai, kisha zege ukipata uwezo, na kuku wasidonoe hapo. Kuku akidonoa udongo wenye risasi, mayai nayo hubeba. Uani usifagie kwa ufagio mkavu. Mwagia maji kwanza, ndani ya nyumba piga deki kwa kitambaa kibichi. Gunia, shoka na sufuria ile visirudi jikoni kamwe. Na wewe mwenyewe ukitoka bandani vua nguo za kazi hukohuko, zifuliwe peke yake. Mimi nilikuwa nambeba binti yangu nikiwa na ovaroli. Hilo bado linaniuma.

Za kuuza zisimamishe wima juu ya vichanja vya mbao, sakafu ya saruji, chini ya paa, mbali na moto na watoto. Vichwa vifunike visigusane. Inayovuja itumbukize kwenye beseni la plastiki, si la chuma. Usizimwage maji.

Na kuhusu bei ya "kavu": usihesabu kwa kilo, hesabu kwa betri nzima. Maji ya betri ni mazito kuliko maji ya kawaida. Ukiyamwaga unapandisha bei ya kilo na kushusha idadi ya kilo. Pima moja mbele ya macho yako kabla na baada, mbona utashangaa tofauti inavyokuwa ndogo. Mnunuzi anayetaka kavu anakuachia wewe gharama ya kutupa sumu yake.

Nahodha wa Diko

Salaam fundi. Kwenye chubwi naweza kusaidia. Sisi nyavu zetu nyingine tunafunga vipande vya nondo, nyingine mawe yenye kiuno, nyingine tunamimina saruji kwenye vikopo vidogo na kuacha tundu la kamba. Risasi ni laini na nzito, kweli inapendwa, sikatai. Ila mwambie shemeji yako kuna soko la chubwi za saruji, na mtaji wake ni mfuko mmoja na mchanga. Kama ni hela anayoitafuta, aje tuzungumze. Kama ana risasi aliyokwisha kuyeyusha, asiwape watoto waifungie. Watoto wa diko wana tabia ya kubana chubwi kwa meno.

Kijana wa Jomvu

Ndugu zangu wa Tanga, mie ni wa Mombasa na hili jambo nalijua kwa macho. Hapa jirani yetu kuna kijiji cha Owino Uhuru. Mwaka 2007 kiwanda cha kuyeyusha betri kilifunguliwa ukutani mwao. Moshi ukiingia majumbani, maji machafu yakipita mitaani. Mama mmoja aliyekuwa akifanya kazi ofisini hapo, Phyllis Omido, mwanawe mchanga akaugua, kupimwa ikawa ni risasi. Aliacha kazi akaanza kupigania kijiji kizima. Kiwanda kilifungwa 2014, na mwaka uliofuata akapewa tuzo ya mazingira ya Goldman. Kesi ikaenda kortini. Julai 2020 Mahakama ya Mazingira na Ardhi hapa Mombasa iliamuru wakaazi walipwe shilingi bilioni 1.3 za Kenya. Rufaa ikaipindua hukumu ile, na Desemba 2024 Mahakama ya Juu ikairudisha.

Angalia miaka hiyo. Mtoto aliyezaliwa kiwanda kilipofunguliwa, hukumu ya mwisho imemkuta na miaka 17. Fidia haitoi risasi mfupani.

Na kile kilikuwa kiwanda chenye karatasi za serikali. Uani kwako hakuna hata bomba la moshi.

Nesi wa Kliniki ya Watoto

Kijana umenikumbusha Thiaroye-sur-Mer, pembeni ya Dakar, Senegal, nao ni watu wa pwani kama sisi. Betri zilivunjwa pale miaka mingi, risasi ikachanganyika na mchanga. Bei ya risasi ilipopanda, akina mama wakaanza kuchota mchanga ule na kuuchekecha majumbani ili wauze vipande. Kati ya Novemba 2007 na Machi 2008 watoto 18 walifariki. Fundi, ukisikia mtu yeyote anataka kuchekecha udongo wa pale kwenye mgomba, mzuie.

Afisa Mstaafu wa Mazingira

Nijibu upande wa sheria kwa ufupi. Tanzania tuna Sheria ya Usimamizi wa Mazingira ya 2004, na chini yake Kanuni za udhibiti na usimamizi wa taka hatarishi. Betri chakavu za risasi na asidi zinaingia humo. Kukusanya, kuhifadhi, kusafirisha, kuchakata na kuuza nje, vyote vinahitaji kibali. Kuvusha mpaka kunabanwa pia na Mkataba wa Basel wa 1989 na ule wa Bamako wa 1991, na nchi yetu ni mwanachama wa yote miwili. Kwa hiyo jaribio la shemeji halikuwa salama kiafya wala halali.

Nenda kwa afisa mazingira wa halmashauri au piga simu ofisi ya kanda ya NEMC, baraza la taifa la mazingira, uombe majina ya wakusanyaji wenye kibali wanaofika Tanga. Mnunuzi akija, aonyeshe kibali chenye tarehe isiyopita, na akuachie karatasi inayosema mzigo umetoka kwako na unaishia kiwanda gani. Akisema karatasi atakuletea kesho, mwache aende bila mzigo. Uliza na msimamo wako mwenyewe kama mtu unayezihifadhi. Usiogope. Ofisi zile hupokea vizuri zaidi anayekuja mwenyewe kuliko anayefuatwa.

Mafundi wenzako mtaani wana ngapi? Mwenye betri 38 mkusanyaji anaweza kumpuuza. Mkijikusanya watano lori litakuja.

Mtoto wa Pwani

Fundi, nafuta ushauri wangu wa kwanza. Sikujua la tope. Mungu amponye mtoto.

Fundi Sola Tanga

Wakuu, narudi na mrejesho, siku kumi na tisa baadaye.

Mtoto alitolewa damu na sampuli ikasafirishwa. Majibu yametoka: 21. Daktari amesema dawa za kuitoa hazihitajiki kwa sasa, chanzo kiondoke na arudi kupimwa baada ya mwezi. Ameandikiwa na dawa ya kuongeza damu. Mama yake amempeleka kwa bibi yake Muheza mpaka ua ukae sawa. Ameanza kula, ila jioni bado analalamika tumbo.

Betri zimeondoka, zikiwa na maji yake, wima, pamoja na za mafundi wenzangu watatu. Nilipima N70 moja kama Mzee alivyosema. Tofauti ya kavu na yenye maji haikufika hata bei ya kilo mbili za sukari. Kwa hela hiyo nimeua mgomba, na sijui nini kingine.

Shemeji nilimsomea uzi huu usiku, neno kwa neno. Alinyamaza muda mrefu. Kisha akanionyesha alipofukia lile tope: chini ya tangi la maji, ambapo mkewe hufulia. Tumelifunika kwa turubai na maji tunachota kwa jirani. Kesho anampeleka mkewe kupimwa, na yeye pia atatoa damu.

Afisa, lile tope tulichimbue na kulitia kwenye pipa lenye mfuniko, au tusiliguse mpaka mtaalamu aje?

Afisa Mstaafu wa Mazingira

Msiliguse. Liache na turubai lake, weka mawe pembeni lisipeperuke, na watoto wasisogee. Nitumie ujumbe wa faragha leo hii, nikuunganishe na mtu wa halmashauri aje alione.