Nimeuziwa The Soundhouse Tapes feki kwa bei ya orijino, eti "muziki ni uleule"!

Wakuu, salaam. Leo nina hasira, mnivumilie. Mods, tafadhali msiuunganishe uzi huu na ule wa "bei za santuri". Hapa hatujadili bei, hapa mtu kapigwa mchana kweupe.

Muuzaji ni wa mtandaoni, yuko Ulaya, ana nyota kibao na sifa za kumwaga. Tangazo lake lilisema ni The Soundhouse Tapes, EP (santuri fupi ya nyimbo chache) ya kwanza ya Iron Maiden, bendi ya hevi metali ya Uingereza, orijino ya 1979, moja kati ya zile nakala 5,000, na picha zilikuwa safi kabisa: kasha limechakaa kidogo kwenye kona, sahani nyeusi ya inchi 7. Nikalipa zaidi ya pauni 400. Mzigo ukafika Dar, nikalipa na ushuru juu yake. Nafungua, nakutana na sahani NYEKUNDU. Nyekundu, wakuu! Picha ya mwimbaji wao, Paul Di'Anno, kwenye kasha imekuwa ukungu mtupu, vidotidoti vya skana unaviona bila miwani. Nageuza nyuma, nyimbo nne. Ya nne ni Strange World.

Anayeijua historia ya bendi hii ameshacheka. Kwa wasioijua: tarehe 30 na 31 Desemba 1978, Iron Maiden walikuwa vijana wa mashariki mwa London wasio na mkataba wala hela. Waliingia studio ya Spaceward kule Cambridge wakarekodi nyimbo nne. Strange World hawakuridhika nayo, wakaiacha nje. Kwa hiyo EP iliyotoka Novemba 1979 ina nyimbo tatu tu: Iron Maiden upande mmoja, Invasion na Prowler upande wa pili. Basi. Orijino yenye nyimbo nne haipo, haijawahi kuwepo, na mtu anayejiita "mtaalamu wa hevi metali ya Uingereza" hawezi kuniambia hakujua.

Na jina lenyewe lina sababu. Demo ile, yaani hiyo rekodi ya majaribio ya Spaceward, walimpelekea DJ Neal Kay, aliyekuwa anapiga hevi metali kwenye ukumbi wa Soundhouse, ndani ya baa moja huko Kingsbury, London. Jamaa akaipiga mpaka Prowler ikashika namba moja kwenye chati ya ukumbi ule, chati iliyokuwa inachapwa kwenye gazeti la muziki la Sounds. Mashabiki wakaanza kuidai. Bendi ikachapa yenyewe kwa lebo yake ya Rock Hard, ikauza kwa posta, na wiki ya kwanza tu zikaondoka kama 3,000. Hata kampuni ya rekodi ya EMI ilikuwa bado haijawasainisha. Hicho ndicho nilichokuwa nalipia: kile kitu chenyewe kilichopita kwenye mikono ya watu wale, mwaka ule. Nikitaka kusikiliza nyimbo tu, simu ninayo.

Sasa sikilizeni majibu ya huyu bwana. Kwanza kimya. Nikamtumia picha, akaniambia hilo ni "toleo maalumu la mashabiki". Toleo la nani? Lebo ipi? Kimya tena. Nilipobana, ndipo akaja na hili la kunichemsha damu: "Muziki ni uleule, ndugu, furahia."

Hata huo muziki si uleule! Nimeisafisha sahani, nimebadilisha sindano, lakini ile "tak, tak" mwanzoni mwa Prowler iko palepale, haisogei. Maana yake mikwaruzo imerekodiwa pamoja na wimbo. Mtu kachukua santuri kuukuu, kaipiga, kairekodi, kachapa upya. Besi ya Steve Harris, ambayo kwenye rekodi hii ndiyo inayovuta kila kitu, hapa imezama kama mtu anapiga akiwa chumba cha pili. Na msiniambie "subiri, watapata tepu ya studio wachape vizuri". Bendi haikuwa na hela ya kuinunua tepu kuu, na waliporudi kuifuata wiki chache baadaye walikuta imeshafutwa.

Kampuni ya malipo nayo inasema nirudishe mzigo kwa gharama zangu kwanza, halafu "watachunguza". Nirudishe Ulaya kwa usajili na bima, kwa hela gani? Ushuru niliolipa nani ananirudishia? Na picha za tangazo zimeshaondolewa. Bahati nzuri nilizihifadhi zote, pamoja na kila ujumbe wake. Anayezitaka aje PM.

Kilichoniuma zaidi ni baadhi yenu humu. Nimelalamika kwenye uzi mwingine, watu wananijibu "ndio ukubwa huo mkuu", "kajifunze". Nijifunze nini? Tangazo lilionyesha sahani nyeusi yenye nyimbo tatu, nikaletewa nyekundu yenye nyimbo nne. Huo ni wizi, na mwizi ni yeye.

Halafu kuna mdau juzi aliuliza humu kama achukue nakala ya bluu, "orijino, bei ya kutupa". Mkuu, nimeangalia lile tangazo lako. Kasha ni lilelile lililokuwa kwenye picha za tangazo nililolipia mimi, mpaka mkunjo wa kona ya chini kulia. Usitume hela.