Mliomuuzia mdogo wangu hadithi ya "mwanzilishi wa AI aliyeacha chuo", rudisheni hela yangu

Wakuu habari za jioni. Uzi ni mrefu na una povu, asiyetaka povu apite kimya kimya. Mods naomba msiuunganishe na ule wa ajira, hili ni suala lingine.

Mimi nauza dagaa hapa Mwaloni Kirumba, Mwanza, huu mwaka wa tisa. Shule niliishia form four na siyo kwa kupenda. Nina mdogo wangu wa kiume, kitinda mimba wa kwetu, ndo pekee aliyefika chuo, anasoma mambo ya kompyuta mwaka wa pili. Niseme alikuwa anasoma. Mkopo alipata asilimia ndogo, bumu likiingia wiki mbili limeshaisha, ada inayobaki natoa mimi. Na anayeujua mwalo anajua hela ya dagaa inavyopatikana, mwezi ukiwa mkubwa watu hawaingii ziwani mnakaa mnasubiri giza, giza likija na mvua nayo inakuja, dagaa wakinyeshewa kabla hawajakauka ndo wameshakuwa chakula cha kuku na bei yake inakuwa ya kuku. Kwenye hela ya namna hiyo nikatoa laki saba nikampa akalipe ada.

Hakulipa. Nimekuja kujua mitihani imeshapita. Laki tatu na nusu kaipeleka kwenye kozi ya siku 90 ya AI, hiyo akili mnemba ya kompyuta, inayobaki kanunulia laptop ya mtumba ambayo chaji inakaa dakika ishirini. Namuuliza mdogo wangu kulikoni, ananijibu mkavu kabisa: "Dada, hata mwanzilishi wa DeepMind aliacha chuo."

Nikamuuliza DeepMind ndo nani, mtu wa Misungwi?

Basi akanieleza, ni kampuni ya AI ya London, sasa iko chini ya Google. Kulikuwa na semina kwenye ukumbi mmoja wa hoteli hapa mjini, kaja kocha mmoja kutoka Dar, suti imembana, projekta, muziki wa kuingilia kama mchungaji, kawaonyesha watoto wa watu picha za matajiri wa AI halafu mwisho fomu ya kozi ikapita kwenye viti kama kapu la sadaka. Jina la kocha silitaji hapa, najua sheria za mitandao, yeye mwenyewe akisoma atajijua.

Nikamwambia nipe hilo daftari. Hili hapa mbele yangu, nanakili kama alivyoandika, kapigia na mistari: "Mtoto wa wahamiaji London. Bingwa wa chesi. Akaacha chuo na miaka 19. Akaanzisha AI. Akawauzia Google. Akapata Nobel."

Sasa ilikuwa siku za mbalamwezi, mwaloni hamna kazi ya maana, nikajiunga bando la wiki nikakaa nalo. Nilianza nikitafuta tu huyu mtu ni nani ili nimtukane vizuri. Nikamtafuta weee simpati. Kila nikimpata wa chesi, hajaacha chuo. Nikimpata aliyeacha chuo, chesi hana wala hiyo tuzo ya Nobel hana. Ndo nikashtuka. WAKUU HUYO MTU HAYUPO. Kocha kachukua watu wawili tofauti kawashona kama viraka, kapata mtu mmoja, kauza kwa laki tatu na nusu kwa kila kichwa.

Wa chesi anaitwa Demis Hassabis. Kazaliwa London 1976, baba asili yake Cyprus, mama Singapore. Chesi kaanza na miaka 4, alipofika 13 ameshakuwa na kiwango cha masta, na kompyuta yake ya kwanza ilinunuliwa kwa hela ya ushindi wa chesi. Mpaka hapo kocha hajadanganya. Ila alipofika kwenye shule akaruka kama mtu anayeruka mto Mirongo siku ya mvua.

Huyu jamaa alimaliza sekondari mapema mno, Cambridge wakamwambia bado mdogo, kaa mwaka mmoja ndo uje. Huo mwaka wa kusubiri akaenda kufanya kazi kwenye kampuni ya gemu inaitwa Bullfrog, ana miaka 17 yuko kwenye gemu ya Theme Park, ikatoka 1994 ikauza mamilioni ya kopi. Sasa hapa ndo nataka mtulie. Kijana wa 17, gemu imeuza dunia nzima, kazi ipo, jina lipo. Akafanyaje? Akaacha kazi AKAENDA CHUO. Akasoma sayansi ya kompyuta Cambridge, akamaliza 1997 na daraja la juu kabisa. Yaani mtu aliyekuwa na kila sababu ya kuacha chuo ndo aliyeenda chuo, alafu nyie mnamtumia kumtoa chuo mtoto ambaye laptop alikuwa anaazima kwa rumumeti wake.

Na kuna kipande ambacho kwenye daftari hakipo hata neno moja. 1998 Hassabis alianzisha kampuni yake mwenyewe ya gemu, Elixir Studios. Gemu yao ya kwanza walivyoitangaza ilikuwa kubwa mno, nchi nzima na watu wake ndani ya kompyuta, wakahangaika nayo miaka, ikatoka 2003 ikiwa imepunguzwa sana. 2005 kampuni ikafungwa. Basi, imekufa. Ana miaka 28. Mimi nimeshawahi kupoteza magunia kumi na nne ya dagaa kwa mvua ya usiku mmoja, najua asubuhi yake inavyokuwa, kwa hiyo hapa nilimwelewa huyu jamaa kuliko popote. Kocha angekuwa na nia njema kipande hiki ndo angekaa nacho semina nzima, maana wale watoto ukumbini nusu yao wana sapu na wanahitaji kusikia mtu aliyeanguka. Ila kipande hiki hakiuzi kozi.

Kwa sababu baada ya kuanguka alirudi darasani! Na miaka 28 hiyo, bosi wa zamani, akaenda kukaa kwenye dawati chuo cha UCL (University College London) hapo hapo London kusomea ubongo. Siyo kompyuta, ubongo wa binadamu. PhD, ule udaktari wa kusomea, kapata 2009. Walichunguza wagonjwa walioumia ile sehemu ya ndani ya ubongo inayoshughulika na kumbukumbu, wakawaambia jaribu kuwaza uko umelala ufukweni kwenye mchanga, elezea unachokiona. Wakashindwa. Wanapata vipande vipande tu, picha haikamiliki. Kumbe anayeshindwa kukumbuka jana anashindwa na kuiwaza kesho. Hii niliisoma mara mbili, kwa kweli ilinigusa. Na nikajisemea kocha wetu naye jana ya huyu mtu kaifuta yote, ndo maana kesho anayowauzia watoto haina kichwa wala miguu.

DeepMind ikaanzishwa 2010. Hesabu hapo, kaanza chesi na 4, kaanzisha kampuni na 34. Miaka thelathini. Siku 90 jamani? Siku 90 hata gunia la dagaa linaweza kukaa stoo likisubiri bei.

Haya, sasa aliyeacha chuo. Anaitwa Mustafa Suleyman, rafiki wa mdogo wake Hassabis, ndo walivyojuana. Baba yake Msiria dereva teksi, mama Mwingereza nesi. Huyu kweli alikuwa Oxford akaacha na miaka 19, hapo kocha kapata. Ila muulizeni aliacha akaenda wapi! Alienda kusaidia kuanzisha huduma ya simu ya kuwashauri vijana wa Kiislamu wenye matatizo, mtoto ana msongo anapiga simu anasikilizwa. Baadaye akafanya kazi ofisi ya meya wa London kwenye mambo ya haki za binadamu. Hakuacha chuo akaenda kulipia kozi ya hotelini. 2010 ndo DeepMind, 2014 wakauzwa Google wote kwa pamoja, 2019 akaondoka DeepMind akahamia Google, 2022 kaanzisha kampuni nyingine ya AI, Inflection, na wenzie, 2024 huyo Microsoft kusimamia AI yao. Mambo yake ni makubwa sijakataa. Nobel ndo hana.

Alafu yupo wa tatu, ambaye kocha hakumtaja kabisa, Shane Legg wa New Zealand. Huyu ana PhD kaipatia Uswisi, tena kaandikia hayo hayo mambo ya mashine zenye akili. Alikutana na Hassabis huko huko UCL, kwenye korido za watafiti. Kwa hiyo kampuni ina waanzilishi watatu, wawili ni madaktari wa kusomea, mmoja kaacha, na kocha kachukua kuacha kwa huyo mmoja kampachika mwenye Nobel. Huo siyo ujinga wakuu, ujinga haupangiki vizuri hivyo.

Hiyo Nobel yenyewe ni ya kemia, 2024. Nusu kapewa David Baker, nusu nyingine wamegawana Hassabis na John Jumper wa hapo hapo DeepMind. Ni kwa ajili ya AlphaFold, programu inayokisia protini imejikunja kwa umbo gani. Mimi protini naijua ya dagaa, lakini nimeelewa kiasi hiki: kulijua umbo la protini moja maabara kunaweza kuchukua miaka, wao kufika 2022 wakatoa maumbo zaidi ya milioni 200 bure, mtafiti yeyote achukue. Kabla ya hapo 2016 ndo programu yao nyingine, AlphaGo, ilimfunga bingwa Lee Sedol kule Seoul, Korea Kusini, 4 kwa 1 kwenye Go, mchezo wa kete mkubwa sana Asia, wa kwetu bao hata haufananishwi. Ndo njia yenyewe ilivyopita. Mchezo, darasa, kampuni, kufunga kampuni, darasa tena, kampuni tena. Darasa liko mara mbili humo na kocha kayatoa yote mawili.

Najua kuna watakaosema "dada unachukia maendeleo". Sichukii. Hapa mwaloni watu tulitoka kwenye karabai tukaenda taa za sola na hakuna aliyelia. Hiyo AI natumia mwenyewe kuandikia ujumbe kwa mteja wangu wa Kongo. Ninachochukia ni mtu kuja na projekta kuwaambia watoto wa wavuvi na wauza mkaa kwamba chuo ni kupoteza muda, wakati yeye kwenye bango lake kaandika digrii mbili. MBILI. Nimelipiga picha.

NYONGEZA: Mkuu mmoja hapo chini kaniuliza kwa nini simlaumu mdogo wangu, ana akili timamu na miaka 21. Namlaumu sana tu. Wiki ya kwanza sikuongea naye. Saizi yuko mwaloni na mimi, anaanika, anageuza, saa kumi usiku yupo. Lakini mtoto wa 21 kudanganyika ni kawaida, mtu mzima wa miaka 40 kukaa chini kupanga uongo kwenye slaidi siyo kawaida.

NYONGEZA 2: Mwingine kasema labda kocha alikosea tu majina. Nilimpigia. Kistaarabu kabisa, nikamwambia kaka shikamoo, naomba unieleze huyu mwenye Nobel aliacha chuo gani. Akasema "sista wewe unaangalia dosari, mimi nawapa vijana maono". Nikamuuliza dosari gani, akasema nitafute muda tuonane ofisini. Ofisi haipo, ni meza ya kukodi kwa saa. Nikampigia tena, kanibloku. Kwenye grupu lao la WhatsApp mdogo wangu aliweka swali hilo hilo, wakamtoa. Na tangazo la semina nyingine limeshatoka, safari hii Musoma na Bukoba, wenye wadogo zenu huko mshikeni.

NYONGEZA 3: Asanteni mnaoniuliza kuhusu chuo. Jumatatu naenda naye kuulizia kama anaweza kurudia mwaka au ndo ameshadisko. Mama yuko Magu, kila Jumapili anapiga, "ng'wanawane, mtoto anasomaje?" namwambia anasoma. Hiyo dhambi nayo ni ya nani?

Jana usiku tunageuza dagaa akaniuliza, "Kwa hiyo dada, yule wa Oxford alivyoacha chuo alikuwa anapokea simu za watu tu?" Nikamwambia ndiyo, za vijana wenye matatizo. Akanyamaza muda mrefu. Akasema angejua angeuliza pale ukumbini.

Kocha, najua unasoma humu. Laki tatu na nusu. Namba ya kurudishia ni ile ile iliyowatumia.