Chaneli ya vichekesho inayokata Monty Python mwishoni, mnatuibia!

Wakuu, nimevumilia vya kutosha. Kuna chaneli kwenye kifurushi tunachokilipia kila mwezi inarusha Monty Python's Flying Circus, vichekesho vya zamani vya Uingereza, na kila kipindi kinakatwa kabla hakijaisha. Majina ya watengenezaji yakianza tu kupita, paap! Tangazo la sabuni.

Mtu atasema majina ya nini, nani anayasoma? Kwenye kipindi hiki majina ni sehemu ya mchezo! Wale wachekeshaji sita wa Monty Python walianza BBC tarehe 5 Oktoba 1969, na walichokuwa wanakitania ni televisheni yenyewe. Mtangazaji kavaa suti, kakaa mezani katikati ya uwanja mtupu. Ile dunia inayozunguka, nembo ya BBC, inatokea na sauti ya mtangazaji kana kwamba kipindi kimekwisha, kumbe bado.

Chukueni kile cha 1970 cha makadinali wa Hispania wanaowasaka wazushi wa dini. Makadinali watatu, Michael Palin (mmoja wa wale sita) mbele, wamechelewa kufika Old Bailey, mahakama ya London. Wanapanda basi, huku majina yanapita kwenye kioo, na wao wenyewe wanayafuatilia: la mtu wa taa hilo limepita, yamebaki machache! Wanashuka mbio, wanavamia mahakama, Palin anaanza ile kauli yao ya kila wanapovamia, kwamba hakuna anayewatarajia, na kabla hajaimaliza yanatokea maandishi kwamba ni mwisho. Utani wote uko hapo! Juzi wamekata basi halijafika. Mdogo wangu ananiuliza, "Kaka, ndiyo imeisha hivyo?" Nimjibu nini?

Na msione ni jambo dogo. Mwaka 1975 ABC, televisheni ya Marekani, iliunganisha vipindi vitatu kuwa kimoja cha dakika 90, ikanyofoa dakika 24, kupisha matangazo na kuondoa ilichoona ni matusi. Monty Python wenyewe wakaenda mahakamani, na 1976 mahakama ya rufaa ikawapa zuio dhidi ya ABC. Leo mnarudia yaleyale na hakuna anayewauliza.

Wahusika mkipita humu: muda hautoshi, punguzeni matangazo, au msikirushe kabisa. Na mdau anayejua malalamiko haya yanapelekwa wapi aniwekee hapa, maana huduma kwa wateja napiga, hawapokei.